Msimu wa Sita

Mashine ilikataa kidole gumba cha Godeliva mara ya nne.

"Futa vizuri, mama," alisema karani wa dirishani, msichana mwenye beji iliyoandikwa Recheli. "Paka mate kidogo. Enhe. Bonyeza. Usitetemeshe."

Kioo kidogo kilichokuwa kikimulika kijani kikageuka chekundu.

Alfajiri ile, kabla ya misa ya kwanza, Godeliva alikaa nyuma ya nyumba yake ya Ipuli na beseni katikati ya magoti, akasugua mikono kwa majivu, kisha kwa ndimu, akamalizia kwa mchanga mpaka ngozi ikawaka moto. Lakini gundi ya tumbaku haitoki kwa kuoga. Ukivunja majani miezi mitatu, ukayafunga kwenye vijiti, ukayapandisha ndani ya bani, banda la kuyakaushia, na kuyashusha, gundi inaingia kwenye mistari ya vidole na kukaa humo. Pengine mpaka Krismasi.

"Nyie watu wa Ulyankulu mna kazi," Recheli akasema. Hakusema kwa ubaya. "Hebu nipe cha pete. Hamna. Kushoto? Hamna. Haya, hiki kidogo."

Kidole cha mwisho cha mkono wa kushoto, ambacho shambani hakina kazi kubwa, ndicho kilichokubalika. Jina likatokea kwenye kompyuta. Recheli akanyoosha mkono. "Leta."

Godeliva alitoa fungu kwenye mkoba wa turubai. Noti mia tatu arobaini na mbili za elfu kumi, amezihesabu mara tatu nyumbani na mara moja kanisani, kabla misa haijaanza, akamwomba Mungu amsamehe. Mashine ya kuhesabu ikazimeza na kuzitema kwa muda usiofika hata Salamu Maria moja.

"Milioni tatu, laki nne na ishirini elfu. Sawa?"

"Sawa, binti yangu. Hiyo ndiyo ya mwisho."

Recheli alikuwa ameshabonyeza. Akainua macho. "Ya mwisho ya nini?"

"Ya kumaliza. Nimekuja kuchukua hati ya nyumba."

Msichana akatazama kompyuta, akamtazama mama, akatazama kompyuta tena. "Kaa pale kwenye benchi, mama. Nimwite meneja."

Godeliva akakaa. Ofisi ya Kampuni ya Paa Letu ilikuwa pale Mtendeni, ghorofa ya juu ya duka la vifaa vya ujenzi, na harufu ya rangi na misumari ilipanda mpaka kwenye benchi. Ukutani kulikuwa na picha kubwa ya nyumba ambazo kampuni ilikuwa inazijenga kule Kwihara, mapaa mekundu mstari kwa mstari, na maandishi: MTAA WA MSAFARA. ANZA SAFARI YAKO LEO. Kwenye picha hapakuwa na mtu hata mmoja.

Hakuwa na wasiwasi. Hesabu yake ilikuwa safi, na aliyeifanya alikuwa marehemu mume wake, Reveriani Ciza, mtu ambaye hata mizani ya sokoni ilimwogopa. Miaka sita iliyopita walikopa hapa milioni kumi na nane, wakanunua nyumba ya vyumba vitatu hapa mjini, Ipuli. Riba waliambiwa asilimia kumi na tisa. Asilimia waliijua. Chama cha msingi kiliwakopesha mbolea na dawa miaka yote, na soko likifunguka kilikata deni na asilimia zake. Uwe umechukua mbolea Septemba au Desemba, uwe umeuza tumbaku Mei au Agosti, asilimia ilikuwa ni ileile na ilikatwa mara moja, mkaachana kwa amani mpaka mwaka ujao. Basi Reveriani akachukua mkaa, akaandika ukutani kwenye bani: milioni kumi na nane, na chini yake milioni tatu, laki nne na ishirini, ndiyo riba. Akachora mistari sita. Misimu mitano ya milioni tatu na laki sita, deni limerudi. Msimu wa sita ni wa riba, na hati inatoka.

Kila Agosti walifuta mstari mmoja. Mstari wa nne Godeliva aliufuta peke yake.

Hii nyumba haikuwa ya kujionyesha. Reveriani alizaliwa kambini Ulyankulu, wazazi wake wamevuka kutoka Burundi na sufuria moja na mtoto mgongoni. Alikua akiona baba yake akiomba kibali kwenda mjini kununua chumvi. Uraia ulipokuja, wazee wakalia, wakacheza ngoma, yeye akakunja cheti chake, akasema, "Hiki wanaweza kuniuliza nilikipata lini. Nyumba yenye hati hawaniulizi." Akaanza kuweka akiba jioni ileile.

Jumapili inayokuja Godeliva alikuwa ameomba nia ya misa ya shukrani. Ameshatoa sadaka. Jumuiya yake ingekuja baadaye Ipuli kusali rozari na kunywa chai, na katekista alikuwa ameahidi kubariki mlango.

"Tumsifu Yesu Kristo, mama Kwizera!"

Meneja Benjamini alikuwa mtu mnene mwenye sauti laini, mjumbe wa halmashauri ya parokia. Miaka sita iliyopita alikuwa afisa wa kawaida, na ni yeye aliyewaandikia mkopo.

"Milele na milele, amina."

"Karibu ndani, karibu. Soko limekuwaje mwaka huu?"

"Soko tunashukuru, baba. Kwenye gredi za majani tu wametubana."

"Mungu ni mwema. Kaa." Akafunga mlango, akafungua vifungo vya koti. "Recheli ananiambia unataka hati."

"Ndiyo. Leo ni msimu wa sita."

Benjamini akageuza kompyuta ili naye aione, kama mtu anayemwonyesha mgeni picha za harusi. Akaweka kalamu kwenye tarakimu za chini kabisa.

"Deni lako asubuhi hii, kabla ya hii uliyoleta. Milioni ishirini na tisa, laki tano na hamsini elfu."

Godeliva akasogea mbele. Akatafuta jina. "Hilo ni la mtu mwingine."

"Reveriani Ciza. Ni lenu, mama."

"Tulichukua kumi na nane. Tumerudisha kumi na nane, misimu mitano, risiti ninazo zote. Leo nimeleta riba."

"Riba ya mwaka gani?"

Hakulielewa swali. Chini dukani mtu alikuwa akikata bati, na kila mkato ulipanda mpaka kwenye meno.

"Asilimia kumi na tisa ni ya kila mwaka, mama," Benjamini akasema taratibu, kwa sauti ya kufundisha komunyo ya kwanza. "Mwaka wa kwanza kumi na tisa. Wa pili kumi na tisa. Mpaka deni liishe. Halafu rejesho ni la kila mwezi. Laki tatu na elfu tatu, kila mwezi. Ninyi mlikuwa mnaleta mara moja kwa mwaka. Miezi kumi na moja mfumo unawaona hamjalipa, unawaandikia faini. Mkija Agosti, hela yenu inalipa faini kwanza. Ikibaki inalipa riba. Ikibaki tena, ndiyo inapunguza deni."

"Na ilibaki shilingi ngapi?"

"Haikubaki, mama. Hata mwaka mmoja. Kilichopungua ndicho kiliongezwa kwenye deni, nacho kikaanza kuzaa."

"Wewe ndiye uliyetuambia tulete msimu ukifika." Hakupandisha sauti. "Ulikaa mbele yetu kama hivi. Reveriani akakuuliza, 'Mkulima hela ya kila mwezi ataitoa wapi?' Ukasema, 'Leteni msimu ukifika, mfumo utajipanga wenyewe.'"

"Nilisema mnaweza kuleta. Na mlileta, tukapokea." Benjamini akafungua mikono. "Sikusema mfumo hautahesabu. Na yote yameandikwa kwenye mkataba. Kurasa ishirini na sita, marehemu alisaini kila moja."

"Za Kiingereza."

"Mkataba wa makao makuu ndivyo ulivyo."

Godeliva alitazama mikono yake juu ya meza. Kisha akauliza, "Na kama tungeleta kila mwezi? Tangu siku ya kwanza, bila kukosa hata mmoja?"

Meneja alipenda swali hilo. Akavuta kikokotoo. "Laki tatu na elfu tatu hivi, mara miezi mia na themanini. Miaka kumi na mitano. Mngemaliza mmelipa milioni hamsini na nne na nusu."

"Kwa nyumba ya kumi na nane."

"Kwa *mkopo* wa kumi na nane. Nyumba ni kitu kingine, mkopo ni kitu kingine. Ndivyo watu wanavyonunua nyumba duniani kote, mama Kwizera. Hata mimi yangu niko nayo mwaka wa nane."

Mlango ukagongwa. Aliingia Niyokwizera, au Kwizera kwa kifupi, binti wa pekee wa Godeliva, muuguzi wa mwaka wa kwanza kazini, bado na viatu vyeupe vya zamu na macho mekundu ya kukesha wodini. Mama yake ndiye aliyemwambia apitie hapa. Alitaka amsomee hati ikitoka, kwa kuwa alijua itakuwa ya Kiingereza, na alitaka asikie jina lao likisomwa kwa sauti.

"Shikamoo, meneja."

"Marahaba, binti. Hongera kwa ajira. Tulisikia kanisani."

Niyokwizera alimtazama mama yake mara moja tu, akaacha kutabasamu. "Mawe," alisema kwa lugha ya nyumbani, jina la kumwitia mama.

"Wanasema deni ni milioni ishirini na tisa na nusu," Godeliva akamwambia. "Mwambie akupe mkataba. Usome."

Benjamini hakukataa. Mkataba ulitolewa kwenye kabati la chuma, umefungwa kamba ya kijani, na saini za Reveriani zilikuwa kwenye pembe ya kila ukurasa, zimenyooka kama za mtoto wa shule aliyeogopa fimbo. Binti akasoma amesimama. Wauguzi huzoea maandishi madogo ya kwenye chupa za dawa. Akapita ukurasa wa riba akatikisa kichwa, akapita wa faini, akapita mingine haraka, kisha akarudi nyuma mmoja na kusimama hapo muda mrefu.

"Hapa kuna bima."

"Ipo," Benjamini akasema. "Ni lazima kisheria."

"Baba alikatwa laki tano na arobaini siku ya kwanza. Bima ya maisha ya mkopaji." Kidole cha Niyokwizera kilikuwa kinatembea chini ya maneno. Akatafsiri polepole, neno baada ya neno, ili asikosee. "'Mkopaji akifariki kabla ya kumaliza, bima italipa deni lote lililobaki, na hati itarudishwa kwa warithi.'"

Mkata bati alinyamaza chini dukani, au labda Godeliva ndiye aliyeacha kumsikia.

"Lote?" akauliza.

"Lote, mama," Niyokwizera akasema.

Reveriani alikufa mwezi wa tatu, mwaka juzi. Tumbo lilivimba, mganga wa zahanati akaandika rufaa ya Mwanza. Ndani kulikuwa na laki tisa walizopata kwa kuuza asali, zimewekwa kwa ajili ya mstari wa nne. Alikataa zisiguswe. "Nikizila hizi, Agosti mtawaambia nini?" alisema, amelala upande, na baada ya siku kumi na moja hakuwepo. Agosti ilipofika Godeliva akazipeleka. Na Agosti iliyofuata akapeleka nyingine.

"Soma mpaka mwisho, binti," Benjamini akasema. Alikuwa anatazama dirishani. "Usikate katikati."

Niyokwizera akasoma. Sauti ikashuka. "'Ilimradi mkopo hauna malimbikizo siku ya kifo, na taarifa ya kifo iwe imefikishwa ofisini kwa maandishi ndani ya siku tisini.'"

"Unaona. Malimbikizo yalikuwepo. Na taarifa hatukupata."

"Hamkupata?" Godeliva akageuka na kiti kizima. "Ulikuja msibani."

"Mama Kwizera..."

"Ulikuja Ulyankulu na gari. Ulikaa chini ya turubai, ukala wali. Ulitoa rambirambi elfu hamsini kwenye bahasha, ukaandikwa daftarini. Ukasimama kaburini ukasema marehemu alikuwa mteja wetu mwaminifu. Watu wakapiga makofi."

"Nilikuja kama Mkristo mwenzenu."

"Gari lilikuwa na jina la kampuni ubavuni."

"Gari si maandishi, mama." Alilisema kwa huzuni, na huzuni yenyewe haikuwa ya uongo; hilo ndilo lililomchosha Godeliva kuliko yote. "Mimi mwenyewe nimeajiriwa. Ningefanyaje? Kila kitu kina utaratibu wake."

"Ungesema. Nimekaa nje pale Agosti mwaka juzi nimevaa nguo ya msiba. Ukapita ukanipa pole. Ungesema, 'Mama, kalete cheti cha kifo.' Maneno matano."

"Siku tisini zilikuwa zimeshapita."

"Na ulipokuwa kaburini zilikuwa zimepita ngapi?"

Benjamini akavuta kikokotoo karibu, akakirudisha.

Godeliva akasimama. Akaufunga mkoba wake mtupu. "Nirudishie hela yangu. Milioni tatu, laki nne na ishirini. Nikatafute mwanasheria."

Meneja akabonyeza simu ya mezani. Recheli akaingia na karatasi ndogo nyeupe, akaiweka mbele ya mama kwa mikono miwili, kwa adabu.

"Imeshasoma, mama," akasema. "Mfumo ukishasoma haurudishi. Hii hapa risiti."

Risiti ilikuwa na mistari mitatu. Faini. Riba. Na mstari wa tatu, wa kupunguza deni, ulikuwa sifuri, alama ya nukta, sifuri sifuri. Niyokwizera aliichukua akaitazama, akaikunja mara mbili, akaifungua tena.

"Kaa, mama," Benjamini akasema. "Tafadhali. Mimi sikukuita hapa nikutishe. Nina mambo mawili, chagua mwenyewe." Akatoa bahasha ya kaki. "Hii ni notisi ya siku sitini. Makao makuu waliituma tangu mwezi wa sita, mimi nikaishikilia, nikasema huyu mama namfahamu, soko likifunguka atakuja. Ikitoka hii, nyumba inapigwa mnada. Ipuli sasa hivi mnadani haifiki hata ishirini. Kitakachopungua kitafuata mali nyingine."

"Mali gani?"

"Shamba. Ng'ombe. Unacho kibali cha kilimo Ulyankulu, sivyo?"

Godeliva akaukumbatia mkoba mtupu.

"La pili ni zuri zaidi. Tunapanga mkopo upya. Faini za nyuma zinafungwa, unaanza ukurasa msafi. Milioni ishirini na sita na nusu pamoja na ada. Miaka ishirini. Inakuja laki nne na thelathini elfu kwa mwezi."

"Nina miaka hamsini na minne," Godeliva akasema. "Na hela napata kwa msimu."

"Ndiyo maana." Akamgeukia Niyokwizera, na sauti ikapata uchangamfu mpya. "Bima haipokei mtu atakayepita miaka sitini na mitano kabla ya kumaliza. Lakini binti ana miaka mingapi? Ishirini na mitatu. Ana ajira ya kudumu. Mshahara unapita benki, unakatwa hukohuko, hakuna kuchelewa, hakuna faini. Mfumo unampenda mtu wa namna hii. Take-home yako, ile inayokufikia mkononi, ni ngapi, binti? Laki sita na arobaini na tano?"

"Hapo hapo," Niyokwizera akasema. Hakuuliza amejuaje.

"Ukitoa laki nne na thelathini, inabaki laki mbili na kumi na tano. Sheria inataka ibaki theluthi. Theluthi imetimia kabisa."

"Ameomba kwenda kusoma stashahada," Godeliva akasema. "Anajiwekea ada."

"Atasoma tu. Mungu akipenda."

Niyokwizera alikuwa ametoa simu. Kidole gumba chake, safi, chenye harufu ya spiriti, kiligonga kioo mara chache. Mia mbili na arobaini, alama ya kuzidisha, laki nne na thelathini elfu. Akaangalia. Akafuta, akapiga upya, huenda amekosea. Kisha akaiweka simu mezani katikati yao watatu, kioo juu, na hakuna aliyeigusa.

103,200,000.

"Ni kwa miaka ishirini," Benjamini akasema. "Huwezi kuitazama yote kwa pamoja namna hiyo. Hakuna mtu anaitazama hivyo. Unatazama mwezi kwa mwezi."

"Na mimi nikifa?" Godeliva akauliza.

"Pole kusema, binti anaendelea. Mkopo ni wake."

"Na yeye akifa?"

"Ah!" Meneja akanyanyua kidole, karibu afurahi. "Hapo bima inalipa lote. Ilimradi hakuna malimbikizo."

Godeliva alimtazama mwanawe. Alitaka kumwambia katika lugha yao aache, wainuke, waende, nyumba na iende, wao walishatoka mahali pengine bila kitu wakaishi. Lakini aliona jinsi Niyokwizera alivyokuwa anatazama pembe ya ukurasa, ile saini iliyonyooka ya baba yake. Akafikiria shamba, na ng'ombe wanne, na kibali. Akafikiria kwamba akisema twende, kitakachowafuata kinajua njia ya Ulyankulu. Kilishafika mara moja na gari, kikala wali.

"Mama," binti akasema, "nyumba ikiuzwa utakaa wapi ukizeeka?"

"Nitakaa Ulyankulu, nilikozaliwa."

"Hata pale si petu. Wanapima upya mashamba."

Benjamini alikuwa ameshatoa kalamu. Aliifungua kifuniko yeye mwenyewe, akaisogeza upande wa Niyokwizera, si wa mama, na binti akaichukua. "Recheli! Chapa fomu ya kupanga upya. Jina la mkopaji mkuu, Niyokwizera Reveriani."

Recheli akachungulia. "Mtandao umekata, bosi."

"Utarudi. Jenereta iko wapi? Haya, subiri." Akajipapasa tai, akakumbuka jambo, akapiga paja. "Basi tusipoteze muda. Ni Wiki ya Mteja. Makao makuu wanataka picha kutoka kila tawi, na mimi ndiye pekee sijatuma. Lete kile kitu."

Recheli alifungua kabati la nyuma, akatoa ufunguo wa maboksi, mrefu kama mtoto wa miaka mitano, umepakwa rangi ya dhahabu, na maandishi ubavuni: NIMEPATA PAA LANGU. Meno yake mawili yalikuwa yameshikizwa kwa gundi ya karatasi.

"Simameni pale," Benjamini akasema, akiwatoa nje kwenye benchi na kuwapanga kwa viganja bila kuwagusa, "chini ya picha ya Kwihara. Mama kushoto, binti kulia. Ushikeni ninyi wawili. Binti, weka kalamu chini kwanza."

Niyokwizera hakuiweka. Aliushika ufunguo kwa mkono mmoja, na mkono wenye kalamu ukaning'inia ubavuni. Godeliva aliusikia mwili wa mwanawe kwenye bega lake. Ulikuwa wa moto, mwili wa mtu ambaye hajalala.

Recheli akanyanyua simu. "Tabasamuni basi. Mama, nyanyua juu kidogo, umemfunika dada uso."

Godeliva akanyanyua. Ufunguo haukuwa na uzito wowote.

"Sasa umejifunika wewe."

Dirishani kwa Recheli kichapishi kikaguna, taa yake ikawaka, kikaanza kuvuta karatasi ya kwanza.

"Acha hivyohivyo," Benjamini akasema. "Piga tu. Mtandao umerudi."